Chama Kinaumwa

Katika miaka yangu yote ya kulea wazee hapa Sydney sijapata kumpenda na kumchukia mtu siku hiyohiyo, isipokuwa mzee mmoja wa visiwa vya Karibi, na siku nyingi chuki ndiyo iliyoshinda. Alikuwa na chumba chenye dirisha kubwa katika nyumba ya wazee kule Quakers Hill. Nilitoka Mount Druitt alfajiri, nikabadilisha treni Blacktown, nikafika saa moja na kumkuta amekaa kitako kitandani, amefunga tai juu ya pajama, ananisubiri anitukane.

"Uji huu mmempikia mbwa?" Hiyo ndiyo ilikuwa salamu yake.

Wenzangu walimwita kwa jina lake la kwanza, kama ilivyo desturi ya hapa. Mimi ulimi uligoma. Mtu wa miaka themanini na kitu siwezi kumwita kama mtu niliyecheza naye rede utotoni. Nikamwita Papa. Yeye aliniita "wewe msichana", nami nina watoto wawili wanaokaribia kunizidi kimo.

Mikono yake ilitetemeka, kwa hiyo kazi yangu ya pili, baada ya kumwogesha, ilikuwa kumwandikia. Alikuwa na jambo moja tu la kuandikiwa, nalo ni chama chake cha kisiasa, chama cha Kikristo cha kule kisiwani kwao.

Kilizaliwa, alisema, katika ukumbi wa parokia baada ya misa ya pili. Walikuwepo walimu, makarani wa bandari na mwoka mikate mmoja. Upande huu wa kisiwa kulikuwa na wenye kiwanda cha mafuta, waliotaka mfanyakazi anyamaze. Upande ule kulikuwa na wanamapinduzi, waliotaka padri anyamaze. Wao wakasimama katikati, wakasema kila mtu ana utu aliopewa na Mungu, basi apewe ujira wa kumtosha yeye na wanawe, na asionewe na tajiri wala na serikali. Maneno mazuri sana. Niliyaandika huku nikifuta uji alionitemea mkononi.

Wakashinda uchaguzi. Wakajenga nyumba za wafanyakazi, wakapeleka maji vilimani, wakagawana vyeo, kisha wakagombana, maana penye wengi pana mengi. Papa alikuwa katibu. Ni yeye aliyeandika katiba ya chama, na ndani yake akatia kifungu alichojivunia hadi uzeeni: kiongozi atakayezaa nje ya ndoa atafukuzwa, na hatarudi mpaka wanachama wampigie kura ya kumrudisha. Wa kwanza kufukuzwa alikuwa yule mwoka mikate. Papa alimsomea barua mbele za watu, mke wake akiwa palepale, na aliponisimulia hayo alicheka mpaka akakohoa. Wa pili kufukuzwa alikuwa Papa mwenyewe.

Mtoto aliyemponza ndiye aliyekuwa akija kila Jumapili na mfuko wa machungwa. Ni mwalimu, mama mtu mzima sasa. Ndiye aliyemleta baba yake Sydney na kumtafutia chumba kile kizuri. Papa alikuwa akikiandikia chama barua kila wiki, akiomba arudishwe kabla hajafa, na katika kila barua mtoto huyo aliitwa "kosa lile". Nimelijutia kosa lile. Kosa lile lilikuwa likimkata kucha za miguu.

Kisha kisiwani ukafanyika uchaguzi. Jumapili moja binti akanivuta ukumbini.

"Wamekwisha," akasema, na uso wake uling'aa. "Hawakupata kiti hata kimoja. Wameitisha mkutano wa mwisho, wakakivunja chama. Mwambie wewe. Mimi nikimwambia nitacheka."

Sasa, kwetu msiba haupasuliwi mbele ya mtu. Ukipigiwa simu kwamba baba anaumwa kidogo, njoo nyumbani, unajua turubai limeshafungwa na masufuria yapo jikoni. Unapewa njia nzima ya kulia taratibu, na ukifika mlangoni hakuna anayehitaji kukuambia kitu. Ndivyo nilivyolelewa. Nikaketi karibu na Papa, nikamshika mkono, nikasema kwa sauti ya matanga, "Papa, chama kinaumwa."

Nilisahau kwamba njia hiyo huijua aliyezaliwa nayo tu. Mzee alinyanyuka kwenye mito kama kijana. "Kinaumwa? Basi watanihitaji! Lete kalamu."

Kuanzia siku hiyo aliacha kuomba, akaanza kutibu. Afukuzwe huyu, aitwe yule, wazee warudishwe, kwanza yeye. Akala uji wote. Akataka anyolewe ndevu. Nami nikaandika, nikafunga bahasha, nikazitia kwenye kabati langu la kazini, maana hapakuwa na wa kuzipokea. Kila asubuhi niliahidi moyoni kusogea hatua moja, niseme kimezidiwa, kisha niseme hakisemi tena. Sikusogea. Furaha yake ilinipa nafuu kazini, na huo ndio ukweli.

Wiki zikapita, majibu hayaji. Siku moja aliniomba nimwite meneja, nami kwa mikono yangu nikamwita. Akamwambia mbele yangu, "Msichana huyu anaiba barua zangu."

Nikatolewa kwa wazee, nikapelekwa kufua mashuka mpaka uchunguzi uishe. Binti aliulizwa. Angeweza kusema neno moja tu, chama kimekufa, nikatoka. Alisema hajui lolote. Mwenzangu mmoja Mkenya alinikuta nalia kando ya mashine ya kukaushia.

"Si umwambie tu ukweli, sista? Hii maneno ya kuzungukazunguka ndio imekuchomea."

"Ni mtu mzima yule. Nitamwambiaje?"

"Vile yeye anakuambia uji ni mbaya."

Walipofungua kabati langu na kukuta bahasha zote, nilieleza. Meneja alinielewa nusu. Nikaonywa kwa maandishi, nikarudishwa kwenye shifti zangu Jumapili, na Jumapili hiyo nikaingia chumbani binti akiwepo, nikiwa na hasira ya wiki mbili za mashuka ya watu.

"Barua imekuja?" Papa akauliza, kama vile hapajatokea kitu.

"Hakuna barua. Chama kimekufa. Siku niliyokwambia kinaumwa kilikuwa kimeshazikwa, na mwanao huyu alikuwa anajua."

Nilimtazama machoni nilipokuwa nikisema. Nilitaka nione neno linavyoingia. Lilipoingia nilisikia raha, nasema wazi, raha kama ya kuvua viatu.

Hakulia. Alirekebisha tai. "Wote wameondoka?"

"Wote. Umebaki wewe. Piga kura ujirudishe."

"Mimi si mwanachama," akasema polepole. "Sina kura." Akavuta shuka kifuani. "Basi nani atanisamehe?"

Binti yake alikuwa kwenye kiti upande wa pili wa kitanda. Akaweka chini chungwa alilokuwa akimmenyea. "Mimi hujawahi kuniuliza," akasema.

Papa alimtazama, na kwa muda mfupi nilidhani atauliza. Akanigeukia mimi. "Mwambie haya ni mambo ya chama."

Sikumpelekea ujumbe, maana walikuwa wameketi hatua moja na lugha yao ni moja. Mama yule alisimama, akavaa koti, akaniaga mimi peke yangu, akaenda zake. Jumapili iliyofuata hakuja, wala ile iliyofuata. Papa aliendelea kuvaa tai akiangalia mlango, asiulize, na mimi sikumsaidia kuuliza. Namba ya simu ya binti ilikuwa imebandikwa ukutani juu ya kitanda, niliiona kila nilipombadilisha shuka, na mpaka anakufa sikuipiga.