Nani alisema "cut"? Sheshe wa Mama Skolastika na wapiga sinema wa Ifakara

Wakuu, habari za mchana.

Yule Mzungu aliyeongoza sinema aliapa kwamba hakusema "cut". Lakini neno lilisikika, panga likashuka, kamba ikakatika.

Nilikuwepo, hatua kumi kutoka majini. Nitaandika nilichokiona na kukisikia tu. Nisichokijua nitasema sikijui.

Turudi nyuma. Ni miaka ya hamsini, Ifakara, kabla ya uhuru. Nilikuwa karani kijana kwenye ghala la mpunga, Kiingereza nimekipata misheni. Wakaja Wazungu watatu na kamera, wakanichukua niwe mkalimani.

Siku ya kwanza niliwafundisha watu wetu amri za sinema. "Cut" niliitafsiri kama ilivyo: kata. Nikaongeza kuwa maana yake kazi isimame.

Watu walicheka sana. Kufikia jioni hata wanawake waliochota maji walikuwa wakitaniana, "Kat! Tua ndoo."

Siku ya tatu wakataka sheshe, yule swala wa bondeni kwetu anayependa kukaa karibu na maji. Mjane mmoja, Mama Skolastika, alikuwa naye, amemlea kwa maziwa ya mbuzi tangu akiwa mchanga. Alimwita Sista, kwa sababu anatembea taratibu na hagombani na mtu. (Paroko hakulipenda jina hilo hata kidogo.)

Kiongozi akaniagiza nimwambie mama kuwa mnyama atapigwa picha akinywa maji. Nikamwambia. Akakubali, akamleta mwenyewe.

Pale mtoni wakamfunga Sista kamba ya katani mguu wa nyuma, wakaifukia mchangani isionekane. Ncha ya pili akashikishwa Bernadi, mvuvi, aliyejificha kwenye matete na panga lake la kufyekea njia.

Ndipo nikamsikia kiongozi akimwambia mpiga picha, kwa Kiingereza, kamba isilegezwe mpaka mamba amshike.

Mama Skolastika alikuwa nyuma yangu. "Karani, mwanangu, wanasemaje?"

"Wanasubiri jua, mama."

Ndivyo nilivyojibu. Niliogopa kupoteza kazi.

Kamera ikaanza kunguruma. Sista akainama, akanywa.

Maji yakavimba bila upepo. Nikaona macho mawili, yakazama. Yakaibuka tena, karibu zaidi.

Bernadi hakumtazama mamba. Alinitazama mimi. Nikaangalia chini.

"Kat!"

Panga likashuka. Sista akaruka, na pale alipokuwa amesimama maji yakapasuka. Akapita katikati yetu, akaingia kichakani na kipande cha kamba mguuni. Mamba aliuma maji matupu.

Kiongozi alifoka mpaka shingo ikawa nyekundu. Aliapa kuwa hakusema yeye, wala mpiga picha, wala mwenzao wa tatu. Akataka nimuulize Bernadi kwa nini amekata kamba.

"Si wewe karani ulitufundisha?" Bernadi akasema. "Kat ni kata. Nimekata."

Nikatafsiri neno kwa neno, nikaongeza kuwa kosa ni langu. Nikafukuzwa papo hapo.

Lakini Bernadi alikuwa amelisikia neno hilo siku mbili nzima, panga mkononi, na hakuwahi kukata hata tete moja.

Mama Skolastika alinipita akimfuata Sista. Hakugeuka.

"Jua limetoka, karani," akasema.

Sentensi hiyo ninayo mpaka leo.

Nawaandikia ninyi mnaopiga video za wanyama siku hizi. Mnyama hawezi kuuliza anapelekwa wapi. Mwambieni mwenye mnyama ukweli wote kabla kamera haijawashwa. Kama ukweli huo utamfanya amrudishe nyumbani, basi picha hiyo haifai kupigwa.

Miaka ilipopita nilimuuliza Bernadi ile sauti ilikuwa ya nani. Akasema alijua ni yangu. Nikamuuliza Mama Skolastika. Naye akasema ni yangu.

Kamera ile haikuchukua sauti. Wenye jicho la kipelelezi semeni ninyi, maana mimi nakumbuka vizuri kabisa kwamba sikufungua mdomo.