Cheo Nilichopewa na Mahakama

Siku yangu ya kwanza kazini niliangukia ndani ya josho. Josho, kwa nyinyi mliozaliwa juzi, ni ule mfereji wa simiti wenye dawa ya kupe ambamo ng'ombe hupitishwa wakiogelea. Hapo Malava, upande wa Kabras, fahali wa mtu alinisukuma nikazama na kaptula yangu mpya ya serikali. Afisa wa Mifugo wa Wilaya alinitazama nikijitoa, akasema sasa hakuna kupe atakayenisumbua mpaka nistaafu.

Siku nilipomuuliza nitapanda daraja lini, alinijibu, "Kijana, serikali haina haraka. Mwenye haraka akauze omena."

Basi nikangoja. Nilipelekwa upande wa Isecheno, ambako ndigana, ile homa ya kupe, ilikuwa ikimaliza ndama wa watu wa kando ya msitu. Nikarudishwa Kabras, mwishowe nikaletwa ofisi ya mjini Kakamega. Wakubwa walikuja na kwenda. Mimi na cheti changu tulibaki pale pale.

Kisha akaletwa Nanzala, binti mwenye diploma, nimfundishe kazi. Nilimwonyesha njia za mashambani na wakulima wa kuogopwa. Aliniita Baba. Mwaka haujaisha, alikuwa akimzalisha ng'ombe aliyekwama huku mimi nikimshikia kamba. Nilijua amenipita. Nilijua, lakini sikumwambia mtu.

Msimamizi wetu alipoondoka niliambiwa nikaimu, yaani nifanye kazi ya cheo bila kupewa cheo chenyewe. Nilikaimu mpaka nikazoea kile kiti. Asubuhi moja tukatangaziwa kwamba msimamizi mpya ni Nanzala. Jamani, niliumia! Mtoto niliyemfundisha mimi!

Nilimwendea wakili, naye akaniambia nina kesi nzuri, kwa kuwa nafasi ile haikutangazwa na sisi wengine hatukuhojiwa. Tukaandika hati ya kiapo, ambayo ni maelezo unayoyaapia kuwa kweli, na Nanzala akaingizwa kwenye kesi kwa sababu ni kazi yake iliyokuwa ikigombaniwa. Tulipokutana kwenye varanda ya mahakama alinisalimu, "Baba, umeamkaje?" Niliuitikia ukuta.

Nikapanda kizimbani, nikashika Biblia. Wakili wa serikali aliniuliza, ng'ombe akishindwa kuzaa, pale ofisini huitwa nani.

"Yeyote aliye zamuni," nilijibu.

Nanzala aliinamisha kichwa, utadhani ni yeye aliyedanganya.

Nilishinda. Uteuzi wake ulifutwa, akarudishwa daraja la chini na mshahara wa chini, naye ana watoto shuleni. Nafasi ilitangazwa upya, tukahojiwa, na kwa ukongwe wangu kazini nikapewa mimi. Nilinunua koti.

Na hilo koti ndilo nililovaa siku nilipoitwa Kabras na mzee mmoja wa miwa ambaye ng'ombe wake alikuwa amelala chini, ndama amekwama. Nilijaribu, nikashindwa. Yule mzee akaniambia kwa upole, "Bosi, asante kwa kuja. Lakini yule msichana hayuko? Yeye ndiye anatusaidianga." Nikampigia Nanzala simu. Alikuja kwa pikipiki, akavua viatu, akaingiza mkono mpaka begani. Mimi nilishika mkia. Ndama alitoka hai. Baadaye tuliandaliwa obusuma na ingokho, yaani ugali na kuku, na firigisi ikawekwa kwenye sahani yangu, maana ndiyo haki ya mkubwa. Niliitafuna muda mrefu, watu wakinitazama.

Hivyo ndivyo nilivyokuwa bosi mpaka nikastaafu. Nilipoondoka, kupandisha watu vyeo kulikuwa kumesimamishwa, na mpaka leo Nanzala anakaimu. Watumishi vijana hunifuata hapa Amalemba wakiniuliza kama washtaki wakirukwa. Huwaambia washtaki, kanuni ziliwekwa zifuatwe. Sijutii kushtaki. Lile jibu langu la kizimbani ndilo nisilowasimulia, kwa aibu.

Mwezi uliopita mtamba wangu aliugua, na aliyekuja kumtibu ni Nanzala. Alipomaliza kumdunga sindano nilijikaza, nikamwambia kesi ile imenisumbua miaka yote hii.

"Kwa nini, Baba?" alisema. "Kanuni zilivunjwa, na hata mimi ningeshtaki. Kesi ulishinda kihalali."

Nikashusha pumzi. Yeye alikuwa akifunga mkoba wake wa dawa, hajaniangalia.

"Ni lile la ng'ombe tu. Ulikuwa umeshika Biblia."

Mikono yake ilikuwa bado michafu. Nikaenda jikoni nikaleta birika na karai, nikainama, nikammiminia maji anawe, kazi ambayo nyumbani kwangu hufanywa na watoto.