Fimbo ya Mto Kisat

Nilienda kumpeleleza. Afadhali niseme mapema, maana rafiki zangu wakisikia kwamba nilitembea kando ya Mto Kisat asubuhi nzima kwa hiari yangu, wanadhani nimeanza kupenda mazoezi. Mimi sipendi mazoezi. Nilifundisha shule ya msingi mpaka nikastaafu, nikisimama mbele ya ubao hadi miguu inavimba, na siku ya kuaga niliiahidi miguu hiyo kiti.

Shida ilikuwa binti yangu. Ninaye huyo mmoja tu. Alikuwa amepata mwanamume, na nilipomuuliza anafanya kazi gani, akaniambia anatembeza watu kando ya mto. Nikadhani simu inakatakata. Nikauliza tena.

"Anawatembeza, Mama. Anawaeleza historia ya Kisat."

Historia ya Kisat! Yawa! Mimi nimekulia mtaa wa Kaloleni, hapa mjini, Kisat naujua. Ni mto unaouvuka umeshika pua, ukimwomba Mungu viatu visiteleze. Mtu mzima, mwenye ndevu, anaamka asubuhi kwenda kuonyesha wenzake maji machafu, halafu anasema ametoka kazini?

Wazee wa huyo mwanamume walikuwa wameomba siku ya kuja kwetu Kano, nje kidogo ya Ahero, kumposa rasmi. Mume wangu alishatangulia, kwa hiyo neno la mwisho lilikuwa langu. Mara ya kwanza niliwaambia mafuriko yamekata njia, na ilikuwa kweli. Mara ya pili nilisema mguu unaniuma, na haikuwa kweli. Sasa walitaka jibu Jumapili, ndiyo au hapana. Binti yangu aliniambia, "Ukisema hapana, Mama, nitamwacha. Lakini nitamwacha nikilia." Hakupandisha sauti. Angepiga kelele ningejua la kumjibu.

Kwetu mama haendi kumkagua mtu anayetaka kumwoa binti yake. Mtu huyo ndiye anayekuja, na wazee wake. Akishapokelewa, wewe unakuwa maro wake, mama mkwe, na heshima inawekwa kati yenu kama ukuta: hampeani mkono, hamtazamani usoni, hakuna anayekula mbele ya mwenzake, na jina lako halitamkwi. Ndiyo sababu nilitaka kwenda kabla. Nilijiambia bado si mtu wangu, naweza kumtazama nitakavyo. Yeye hakuwahi kuniona, na mimi nilikuwa nimeona picha yake moja tu.

Nilimchukua jirani yangu wa Migosi, mtaa ninaoishi mjini, mama wa Kiislamu ambaye babu zake, wengine wa pwani na wengine wa bara, walikutana hapahapa mjini wakazeeka hapahapa. Mambo ya siri anayapenda kuliko chai. Alituandikisha sote wawili kwenye matembezi hayo kwa jina lake yeye, kisha akaniuliza kama tuvae miwani myeusi.

"Tunaenda mtoni, si mahakamani," nilimwambia.

Jumamosi asubuhi tulikuwa watu sita darajani, upande wa viwanda: sisi wawili, mume na mke kutoka Nakuru, na wasichana wawili wa chuo. Yeye alikuja na kofia ya ukindu na fimbo ndefu ya mwanzi. Akamsalimia kila mmoja kwa mkono, akauliza jina na nyumbani ni wapi. Alipofika kwangu mkono ulirudi nyuma. Akatazama viatu vyangu. "Karibu, mama," akasema, akapita.

Nikamgeukia jirani yangu. "Umeona? Hana adabu."

"Pole pole, Mwalimu. Ndio kwanza tunaanza."

Tukateremka na mto. Nilikuwa nimejiandaa kununa mpaka ziwani, na kwa hatua za kwanza nilinuna vizuri kabisa. Maji yalikuwa yaleyale ya rangi ya chai iliyokaa, mifuko ya plastiki imenasa kwenye mizizi, harufu usiulize. Hakujaribu kutuficha. Alisema, "Huu ni mgonjwa. Lakini mgonjwa naye ana maisha aliyoishi. Twende niwaonyeshe."

Akatuonyesha. Alisimama mahali ambapo mimi ningeona magugu tu, akasema kabla ya reli watu walikuwa wakishuka huku na vikapu kubadilishana chakula, wa nyanda na nafaka yao, wa ziwani na samaki wao, na jina la mji wetu lilitokana na safari hizo za kutafuta chakula. Hilo nililijua. Nimelifundisha. Lakini nililifundisha kutoka kitabuni, nikiwa nimewapa watoto mgongo, naandika ubaoni. Yeye alituambia tusimame kimya na tusikilize mteremko. Ardhi ilikuwa inainama chini ya miguu yetu kuelekea majini, na nikahisi kabisa jinsi mtu mwenye mzigo kichwani angevutwa na njia ile bila kuuliza.

Halafu akatupeleka penye reli. Akasema meli za kwanza za chuma hazikuja kwa maji, zingepitia wapi? Zilikuja vipande vipande kutoka ng'ambo, zikapanda bara, kila kipande na alama yake, na hapa ufukweni watu wakazishona msumari kwa msumari mpaka zikaelea. "Fikirieni mtu wa hapa," alisema, "hajawahi kuona hata sufuria kubwa ya chuma, anashikilia ubavu wa meli ili mwenzake apige nyundo. Jioni anarudi nyumbani. Anamwambia nini mke wake?"

Yule bwana wa Nakuru alivua kofia, sijui kwa nini, na mimi nywele zilinisimama mikononi. Miaka yote ile niliwaimbisha watoto Nile, Niger, Kongo na Zambezi, wakazipanga kwa urefu, wakapata alama. Hii hadithi ilikuwa hapa umbali wa kutembea, na sikuwahi kuwaleta hata darasa moja. Niliona haya. Pia nilishangaa, nikashangaa mpaka nikasahau kwamba nimekuja kumchukia.

Nilikumbuka tulipofika kwenye kijito kinachoingia Kisat kutoka kushoto. Mvua ilikuwa imeondoa ubao wa kuvukia, yamebaki mawe matatu yenye utelezi. Yeye akasimama katikati ya maji, suruali imekunjwa, akamvusha kila mtu kwa kumshika mkono. Jirani yangu alivushwa kama bibi arusi. Zamu yangu ilipofika nilinyoosha mkono, na yeye akageuza uso pembeni, akaninyooshea ncha ya fimbo.

Fimbo! Kama ng'ombe!

Nilishika kiuno. "Kijana, mkono wako umepatwa na nini?"

"Fimbo ina nguvu zaidi, mama," aliujibu mto. Hakunigeukia.

Niliishika kwa sababu watu walikuwa wanatazama. Sitakataa, ilikuwa imara. Aliishikilia kwa mikono miwili, na nilipoteleza kwenye jiwe la pili haikutikisika hata kidogo. Lakini moyoni nilishamaliza hesabu: huyu anadharau wazee, jibu ni hapana, na nitamwambia binti yangu leo leo bila kungoja Jumapili.

Karibu na bandari kuna ghala la zamani, kuta zake za mawe zimeliwa na chumvi ya unyevu. Alituzungusha nyuma na kutuonyesha mstari mweusi ukutani, unaokwenda sawasawa kutoka pembe hadi pembe.

"Ziwa lilifika hapa," alisema. "Miaka ya uhuru. Lilipanda na halikuomba ruhusa. Juzi lilipopanda tena na kuingia mahotelini, watu walisema ni ajabu isiyowahi kutokea. Ukuta huu ulikuwa unawacheka."

Nilisogea mpaka ukutani. Mstari ulinifika kifuani. Mama yangu alizoea kuniambia, "Wewe ulizaliwa mwaka wa maji," na mimi nilidhani ni njia yake ya kusema nilikuwa mtoto wa kulialia. Aliniambia alivushwa kwa mtumbwi mahali palipokuwa shamba, mimi nikiwa tumboni, na mahindi yalikuwa chini yake akiyaona. Nilipokuwa mdogo nilicheka. Nilipokuwa mkubwa sikuwa na muda. Sasa niliweka kiganja juu ya ule mstari, na jiwe lilikuwa baridi. Maji haya mama yangu aliyaogopa. Aliyavuka akinibeba. Machozi yalinitoka waziwazi, mbele ya watu wa Nakuru, na sikujali.

Yule mwanamume aliwasogeza wengine mbele taratibu. Jirani yangu tu ndiye aliyebaki nami, na baadaye aliniambia kwamba kijana alisimama kwenye kona muda wote akiwa ametupa mgongo, ili wasichana wasirudi kunipiga picha.

Mwisho wa matembezi ni pale Kisat unapoingia ziwani. Mafunjo yanafunguka kama mlango, halafu hakuna tena kitu cha kuzuia macho. Ziwa lilikuwa limetulia, jeupe. Ndege mdogo wa madoa alisimama hewani bila kwenda popote, akipiga mabawa, kisha akaanguka majini na kuinuka na kisamaki. Kiboko alitoa pumzi mahali ambapo hatukumwona. Ule mto mchafu, uliopita nyuma ya viwanda na vyoo vya watu, ulikuwa unaingia humo kimya kimya, na ziwa lilikuwa linaupokea. Nimeishi karibu na ziwa hili maisha yangu yote na siku ile ndipo nililiona.

Kuna kibanda cha samaki hapo. Tukaletewa ngege wa kukaanga, ugali na sukuma wiki, kila mtu na sahani yake. Njaa ilikuwa imenishika na kilio kilikuwa kimeiongeza. Nilikula bila kuinua kichwa, nikachambua mgongo, nikalamba vidole. Nilikuwa nimemaliza upande mmoja wa samaki, namgeuza, niliposikia jirani yangu akiita.

"Na wewe je? Tumetembea pamoja, njoo ule!"

Yeye alikuwa amekaa mbali, kwenye mtumbwi uliopinduliwa, amegeukia maji. Sahani yake ilikuwa pembeni, imefunikwa.

"Nimeshiba, mama. Nyinyi kuleni tu."

"Umeshiba nini? Tangu asubuhi hujatia kitu mdomoni!"

Aliinamisha kofia.

Kidole changu kilikuwa bado mdomoni. Mkono uliorudi nyuma darajani. Jina ambalo hakuniuliza. Uso uliogeuzwa. Ile fimbo. Na sasa chakula. Wuololo! Alikuwa anajua. Tangu hatua ya kwanza alikuwa anajua mimi ni nani. Sijui alinijuaje, labda ni kule kusimama kwangu nimeshika kiuno tangu darajani, binti yangu hushika hivyohivyo. Hajapokelewa nyumbani kwangu, sijampa hata siku, na kwa saa zote zile alinipa heshima ambayo nilikuwa ninamnyima. Na mimi, mwalimu mzima, mzaliwa wa Kano, nilikuwa nimekaa nalamba vidole mbele yake.

Nilihisi joto likipanda kutoka shingoni. Nikaomba leso ya jirani yangu.

"Ya nini?"

Niliichukua, nikamfunika samaki wangu na ugali wake, nikasukuma sahani katikati ya meza. Kisha nikageuza kiti, nikaupa mgongo ule mtumbwi, nikatazama mafunjo. Nyuma yangu nilisikia mbao zikilia, mtu anasimama.

"Amevua kofia," jirani yangu alininong'oneza. "Mwalimu, anatazama chini, amevua kofia. Kuna nini?"

"Mwambie," nilisema, kwa sauti ya kufika, maana kwetu maneno kama hayo hupitia kwa mtu wa tatu, "mwambie wazee wake waje Jumamosi ijayo. Barabara ya Ahero imekauka."

Alimwambia. Kisha jirani yangu akaleta jibu, kana kwamba sikuwa nimelisikia mwenyewe: "Anasema asante sana. Anasema watafika mapema." Akavuta sahani yangu, akachungulia chini ya leso. "Na huyu je? Nusu nzima imebaki, na ndiyo nusu nzuri."

"Mle wewe," nikamwambia. "Mimi siwezi kula mbele ya mkwe wangu."