Upara wa Tan Suyun

Katika shule ya bweni ya wasichana, milimani Hunan, matroni alikuwa Bi Pang, mwanamke mwenye shingo fupi na maneno marefu. Kila muhula alizuka na hekima mpya. Mwaka Tan Suyun alipotimiza miaka kumi na sita, hekima yenyewe ilihusu nywele.

"Nywele ndefu zinanyonya chakula cha ubongo," alitangaza, mkasi mkononi. "Mnataka kufaulu au mnataka waume?"

Wasichana arobaini wakapanga foleni kama kondoo wanaongoja josho. Suyun aliwadharau wote, na akajidharau yeye zaidi, maana naye alisimama humo humo. Msuko wake ulikatwa, na Bi Pang akaufunga uzi mwekundu taratibu, kama mtu anayefunga vitunguu vya sokoni.

"Takataka haifungwi uzi," Suyun alimnong'oneza Cuilan, jirani yake wa kitanda cha juu.

"Shoga, acha umbea."

Jumapili, wakifua mtoni, walimwona mnunuzi wa nywele akitoka lango la nyuma na baiskeli. Gunia lilikuwa limejaa hadi misuko inachungulia, nyuzi nyekundu zinaning'inia. Cuilan akaangua kilio. Suyun alikwenda kuazima wembe.

Asubuhi alitokea kwenye mazoezi ya viungo na upara unaong'aa.

"We mtoto, umerukwa na akili?" alifoka Mwalimu Mkuu Luo.

"Hapana, Mwalimu. Nimeulinda ubongo wangu. Ila nauliza, matroni na lile fundo lake la nywele kisogoni, ubongo wake nani anaulinda? Au mnunuzi hajamfikia bei?"

Uwanja ukalipuka kwa kicheko. Bi Pang alishika kisogo chake kama aliyeumwa na nyigu.

Luo alimwamuru Suyun aandike barua ya kukiri kosa na kuisoma mbele ya shule nzima. Akasoma sentensi moja: "Nakiri kwamba nilipanga foleni."

Hakuna aliyewaomba wasichana radhi. Bi Pang alihamishiwa jikoni, na wiki haikuisha kabla hajagundua kwamba nyama inaleta usingizi darasani. Suyun naye muhula ule alifeli hesabu, pamoja na upara wake.

Siku ile ya kusoma barua, aliporudi mstarini hakuinamisha kichwa. Cuilan akamtupia skafu.

"Vaa, yai la bata wewe! Utapata mafua."