Kamongo wa Kijito cha Kimwani

Kila nikipita sokoni nikasikia harufu ya kamongo wa moshi, bei haijatajwa bado na mimi nimeshakasirika.

Kijito chetu cha Kimwani kilikuwa kivivu. Masika kilitanda kwenye mafunjo kama mgeni asiye na haraka ya kuondoka. Kiangazi kilijikunja, kikahamia upande mwingine, kikaacha tope. Mimi, binti mchota maji, nilijua kila mahali kilipolala. Kiangazi kimoja nikaona kwenye lile tope tundu la pumzi la kamongo, samaki anayejizika topeni maji yakikauka. Nikachimba kwa mikono, nikamtoa kamongo mnene kuliko paja langu. Aliniuma kidole, nami nikambeba kichwani hadi nyumbani.

Baba alifurahi. Mama akampika kwa ndizi. Chakula kilipoiva, baba na kaka zangu wakakizunguka chungu. Mimi na mama tukatengewa maharage.

“Tata, nimemkamata mimi,” nikamwambia baba.

“Umefanya vizuri. Lakini mwanamke hali kamongo.”

“Akila?”

“Hazai.”

“Basi nipe kichwa tu. Leo sina mpango wa kuzaa.”

Kaka mkubwa alicheka hadi akapaliwa na samaki wangu. Mama aliendelea kuyatazama maharage yake.

Walipomaliza, nikapewa chungu nikakioshe kijitoni. Mchuzi ukasambaa juu ya maji, na visamaki vikaja kuugombania, majike kwa madume, na hakuna aliyeviuliza habari ya kuzaa.