Kirikuu ya Getruda, jina la Mzee Joachim

Saa moja asubuhi, Mjimwema, Songea, Getruda Mapunda anapakua magunia aliyoyapakia mwenyewe jana jioni. Ni maharage. Yanatoka kwenye kirikuu yake nyeupe, kigari kidogo cha mizigo, na kuingia kwenye kirikuu ya bluu ya Bakili, dereva mwenzake wa kijiweni. Magari yameegeshwa matako kwa matako ili gunia lisiguse chini.

Gari la Getruda si bovu. Injini inaitika kwa ufunguo wa kwanza na tairi za nyuma ni mpya. Linalokosekana ni leseni ya kubebea mizigo. Imekwisha muda, na shule ya bweni ya upande wa Peramiho, ambayo ndiyo inayosubiri maharage haya, imeshasema kwamba muhula huu gari lisilo na leseni hai haliingii getini.

"Mama Dorine, shika vizuri huko," Bakili anamwambia. "Usije ukaniangushia gunia ukasingizia mtandao."

"Wewe cheka tu," Getruda anajibu bila kuinua macho. "Mzigo wangu, mteja wangu, anayekula ni wewe."

"Si nakugawia?"

"Unanigawia ya soda."

Getruda ana miaka arobaini na sita. Udereva aliuanzia kwenye trekta la baba yake mdogo, akaendesha magari ya watu, mwisho akanunua lake. Mumewe Athanasi ni fundi uashi. Kazi yake inapatikana kiangazi, na masika nyumba nzima hukaa juu ya kirikuu. Mzigo wa shule humwachia kama laki tatu kwa mwezi baada ya mafuta, na hizo ndizo zinazomsomesha binti yake Dorine chuo cha uuguzi. Mhasibu wa shule amempa nafasi hadi Jumatatu wanafunzi watakaporudi. Ikipita, mkataba anapewa mwingine.

"Watu wanadhani nimegoma kulipa," anasema huku akijipangusa vumbi la magunia. "Hela ninayo, imelala kwenye simu. Hakuna anayetaka kuipokea."

Inafaa jambo moja lielezwe hapa, maana wenye magari wengi wanalichanganya. Ile ada ya gari ya kila mwaka ilifutwa miaka kadhaa iliyopita, ikaingizwa kwenye bei ya mafuta. Wengi waliposikia hivyo walifunga mafaili yao, wakaona mambo ya makaratasi yamekwisha. Kumbe bima iko palepale. Leseni ya gari la biashara iko palepale. Na kadi ya gari nayo iko palepale, ikiwa na jina la mtu.

Kwenye kadi ya Getruda jina hilo si lake. Wala si la Muhsini, mfanyabiashara wa korosho wa Tunduru aliyemuuzia. Ni la Joachim Mbawala, mzee wa Lusewa, aliyemuuzia Muhsini. Gari limepita mikono mitatu, jina halijasogea.

Zamani hilo halikumsumbua. Alikuwa anapeleka nakala ya kadi, analipa, anaondoka. Safari hii maombi yanafanywa kwa mtandao na mwenye jina mwenyewe. Alipofika kwenye dirisha la magari la ofisi ya mapato, mhudumu aitwaye Nasrin aliangalia kompyuta, akamwangalia yeye.

"Mama yangu, huku anayejulikana ni Joachim," Nasrin alimwambia. "Wewe hujulikani."

"Mimi ndiye ninayeliendesha. Kila trafiki wa Songea ananijua."

"Trafiki wanakujua. Mfumo haukujui. Hamisha umiliki kwanza, ndipo uombe leseni."

Nasrin alimtajia kimoja kimoja: ada ya kuhamisha, ushuru wa stempu unaokatwa kwa thamani ya gari, gharama ya kadi mpya. Hapo leseni yenyewe bado haijaguswa, na kabla ya leseni kuna ukaguzi. Getruda alimwomba arudie. Akarudia. Akaomba tena, mara hii akihesabu kwa vidole, mpaka watu wa nyuma yake kwenye foleni wakaanza kuguna.

"Nilikwenda na ada moja kichwani," anasema. "Nikatoka na ukoo wa ada."

Kwa nini miaka yote sita tangu alinunue hakubadilisha jina? Swali hili linamkera kuliko mengine, kwa sababu kila mtu humuuliza kana kwamba yeye ni wa kwanza. Kijiweni kwake, anasema, nenda ukakague kadi, utaona majina ya watu wasiojua hata rangi ya gari ilivyo sasa.

Lakini ana sababu nyingine, na hii anaisema kwa sauti ya chini. "Kwetu, jina la mtu linatoka kwenye kitu chake siku ya kugawa mali, msiba ukishaisha. Shamba hivyo, baiskeli hivyo. Sasa mimi niende kwa mzee wa watu, mzima, anakula, anatembea, nimwambie nimekuja kulitoa jina lako? Si nitaonekana nimekuja kumzika?"

Alianza kwa Muhsini. Akampigia simu.

"Dada Getruda, wallahi mimi nilikuuzia gari," Muhsini alimjibu. "Jina sikukuuzia. Hata mimi sijawahi kuwa nalo."

"Sasa mlivyouziana na mzee mliandikiana nini?"

"Tuandikiane nini? Nilimpa hela, akanipa funguo, akaniombea dua ya Kikristo. Nenda kwake, ni mtu mwema."

Basi ikabidi safari ya Lusewa. Nasrin alikuwa amemwelekeza: kwa kuwa Muhsini hayumo kwenye kumbukumbu, mkataba uandikwe kati ya mzee na Getruda, Muhsini asaini kama shahidi. Muhsini, kwa kweli, hakukwepa. Walikutana Namtumbo, akapanda, wakaenda pamoja, gari likiwa tupu nyuma ili pasiwe na maneno barabarani.

Walimkuta Mzee Joachim ana nyundo mkononi anakarabati jembe. Ana zaidi ya miaka themanini. Getruda alipiga goti, akasema shikamoo, akatoa sukari na sabuni, akazunguka na habari za mvua na habari za wajukuu mpaka Muhsini akakohoa. Ndipo akatoa karatasi.

Mzee alisikiliza hadi mwisho. Kisha akauliza, "Nani amewaambia nimekufa?"

Kilichofuata Getruda anakisimulia akiwa ameshika kichwa. Mtoto mkubwa wa mzee, Leo, aliyekuwa pembeni, aliiomba ile kadi ya gari. Akaisoma. Akaisoma tena. Akamwita mdogo wake shambani.

"Baba ana gari," Leo akatangaza. "Hapa imeandikwa."

"Aliliuza," Muhsini akasema. "Aliniuzia mimi."

"Karatasi ya kuuza iko wapi?"

Haikuwapo. Karatasi pekee pale uani ilikuwa kadi, na kadi ilisema gari ni la Joachim. Leo akaenda kusimama mbele ya kirikuu, mkono kwenye boneti, kama mtu anayepokea ng'ombe wa mahari. Akasema gari lisiondoke mpaka ukoo ukae.

"Nilikuja kutafuta leseni," Getruda anasema, "nikaona naondoka kwa miguu."

Hakulia wala hakugomba. Anasema alikaa chini kwenye mkeka. Aliona mzigo wa shule umekwenda, na gari lenyewe linafuata.

Aliyezungumza ni mzee. Hakunyanyua sauti. "Leo, wewe ulioa mwaka gani?"

Leo akataja.

"Mahari ya mke wako ilitoka wapi?"

Leo akageuka kutazama jikoni.

"Hilo gari lenu mmeshalila," mzee akasema. "Mkeo anatupikia humo ndani. Ondoa mkono wako kwenye chombo cha watu."

Mzee alisaini palepale, juu ya ubao wa kukatia mboga, kwa herufi kubwa za mtu aliyesoma zamani. Mwenyekiti wa kijiji akaitwa, akashuhudia na kugonga muhuri. Getruda akadhani yamekwisha.

Hayakuisha. Mfumo hauhamishi jina mpaka mwenyewe akubali, na kukubali kwake ni tarakimu sita zinazotumwa kwenye simu yake. Simu ya Mzee Joachim haikai naye. Nyumbani kwake hakuna mtandao. Mtandao uko karibu na kisima, kwenye nguzo moja, na pale majirani wametundika makopo. Kila mmoja anaacha simu yake kwenye kopo lake asubuhi, jioni anakwenda kusoma waliomtafuta.

Tarakimu zenyewe huisha nguvu baada ya dakika chache.

Getruda alirudi Songea, akakaa dirishani. Nasrin akatuma. Kule kisimani ujumbe ukaingia kwenye kopo, ukamkuta mzee hayupo. Siku iliyofuata wakapatana mzee asimame nguzoni tangu saa tatu. Akasimama. Foleni ya Songea ikawa ndefu, na zamu ya Getruda ilipofika mzee alikuwa amechoka na jua, amerudi kula.

"Nilimpigia, simu inaita ndani ya kopo," Getruda anasema. "Akapokea mama mmoja aliyekuja kuchota maji. Ananiuliza, nikusomee? Nikamwambia soma. Anasoma, hajui kusoma."

Nasrin ndiye aliyetoa wazo. "Mama, mlete mzee hapa. Aje na simu yake."

Ndivyo ilivyokuwa Alhamisi. Getruda alimfuata Lusewa siku moja kabla, akamlaza kwake Mjimwema, asubuhi akamfikisha dirishani amevaa koti la Jumapili. Simu iliwekwa kaunta. Ikalia. Mzee akaishika mbali na macho, akasoma tarakimu moja moja kama anayehesabu mbegu anazotupia shimoni.

Nasrin akamuuliza, kwa utaratibu wa kazi, "Mzee, unakubali jina lako liondoke kwenye gari hili?"

"Liondoe," mzee akajibu. "Lakini usiandike kwamba nimekufa. Andika nimeuza."

"Nitaandika umeuza."

"Na niione hiyo ya kuuza."

Nasrin akamgeuzia kompyuta. Mzee aliinama akaangalia muda mrefu, kisha akauliza choo kiko wapi.

Ada zikapokelewa zote, moja baada ya nyingine. Kadi mpya itachapishwa, lakini kumbukumbu zimeshabadilika, na hilo linatosha kuombea leseni. Mchana uleule Getruda alipeleka gari kwenye ukaguzi, mzee akiwa bado amekaa mbele, kwa kuwa hakutaka kurudishwa kabla hajaona mwisho wa shughuli hii.

Mkaguzi alizunguka gari, akapiga tairi teke, akamwambia Getruda akanyage breki.

"Taa ya kushoto nyuma haiwaki," akasema. "Tengeneza, urudi kesho."

Waliokuwa karibu walitegemea Getruda apandishe sauti, kwa wiki aliyokuwa nayo. Kesho ni Ijumaa, na Jumatatu shule inafungua. Alishuka, akaenda nyuma akaitazama ile taa. Bakili, aliyekuwa amekuja kuulizia kama ajiandae kwa mzigo wa Jumatatu, alijitolea kumpeleka kwa fundi umeme wake.

"Mzigo wa Jumatatu usiuote," Getruda akamwambia. "Nitaupeleka mwenyewe."

Akaingiza mkono, akaichomoa balbu, akaipuliza vumbi.

"Hii ni ya kwangu," akasema. "Siombi mtu saini."