Saladi ya Maji ya Mama Mkwe

Watu wa mbali wakisikia Kigoma hufikiria ziwa, migebuka na jasho. Waje Kasulu mwezi wa Juni. Asubuhi ukimsalimia mtu, salamu inaganda njiani, inamfikia saa nne jua likishatoka. Jogoo wetu mwaka ule aliwika kwa kikohozi. Basi katika baridi hiyo, imbeho kama tuiitavyo kwa Kiha, mimi fundi baiskeli niliyemaliza kidato cha nne kwa masomo ya jioni, niliamua kulima mboga ya majini kwenye mabeseni.

Sababu ilikuwa mama mkwe. Mke wangu ni mwalimu; serikali ilimtoa milima ya Lushoto ikamleta kwetu, nami nikahakikisha harudi. Mama yake alikuwa hajawahi kufika. Mwishowe alikubali kuja, ila siku tatu tu, kisha anarudi kwa ng'ombe wake. Siku tatu, na basi peke yake linakula mbili kuja na mbili kurudi! Mke wangu alikata simu, akaanza tena kuchambua mchele ambao alikwisha kuuchambua.

"Ungetaka akae muda gani?" nikamuuliza.

"Mpaka watoto wamzoee. Mpaka ajue chumvi naweka wapi."

Ndipo aliponieleza habari za saladi ya maji. Kwao huota vijitoni, ina vijani vya mviringo, na ukiila mbichi inawasha ulimi kama haradali. Mama aliipenda kupita nyama, lakini aliacha kuila mbichi tangu ng'ombe walipozidi kijitoni na watu wa afya wakaonya juu ya minyoo ya ini.

"Akiipata safi, iliyokua kwa maji ya bomba," akasema, "huyo hataona haraka ya kuondoka."

Mwalimu mwenzake aliyekwenda likizo huko alituletea vishina vimefungwa kwenye kitambaa kibichi. Nikaviweka kwenye glasi ya maji dirishani, vikatoa mizizi myeupe kama ndevu za babu. Kisha nikatwaa mabeseni ya mke wangu, yale makubwa ya zawadi za harusi, nikayatoboa ubavuni kwa spoku ya moto ili maji yakizidi yapate pa kutokea. Kokoto chini, udongo wa mboji juu yake, vishina, halafu maji mpaka udongo ukazama. Kila baada ya siku moja nilibadilisha maji. Nikayapanga nje, kando ya ukuta wa jiko, upande ule ambao joto la mafiga linapenya matofali, na jioni nikayafunika kwa nailoni nyeupe.

"Shemeji, unafuga vyura?" aliniuliza jirani yetu. Huyu ni mama ambaye wazazi wake walitoka Burundi, na mapishi yake ni habari nyingine: harufu ya sufuria yake husimamisha mabasi ya Kibondo.

"Huo ni mtego," nikamjibu. "Wa kumnasa mama mkwe. Ni mboga anayoipenda kuliko zote."

Akacheka mpaka kitenge kikalegea. Lakini neno alilishika.

Mboga ilisuasua wiki za kwanza, ikajikunyata kama sisi. Halafu ikaamua. Ikafunga mabeseni kama zulia la ikulu; paka alijaribu kupita juu yake akaoga bila kupenda. Mke wangu akampigia mama yake simu: mboga ya kwao inamsubiri, mbichi.

Siku ya mgeni, mimi na mke wangu tulikwenda kumpokea stendi. Kurudi naye nyumbani, ua umefagiwa, kina mama wanaimba, jirani yuko mbele mikono wazi.

"Kaze neza, mama! Karibu, karibu kwako!"

Nikatupa jicho ukutani. Mabeseni yamenyolewa! Yamebaki mashina tu, mafupi kama ndevu za mfungwa. Na mezani, kando ya ugali wa muhogo, saladi yangu imepikwa kwa mawese, vitunguu na dagaa, nyeusi kama tope la masika.

Nikamvuta jirani pembeni. "Dada, ile ilikuwa ya kuliwa mbichi!"

"Mbichi?" Akashika kiuno. "Mama mkwe atoke mwisho wa dunia, umpe majani mabichi kama sungura? Shemeji, masomo ya jioni yamekuharibu!"

Kwetu kweli hakuna mkwe anayelishwa majani yasiyoona moto. Alikuwa ameniokoa na aibu, kwa hesabu yake. Mke wangu alikuwa anatazama sakafu. Mama mkwe akala, tonge baada ya tonge, watu wote tukimtazama mdomo.

"Hii ndiyo saladi mliyoniitia?"

"Ndiyo, mama," mke wangu akasema. "Imepikwa."

"Naona. Imepikwa mpaka imesahau jina lake." Akalamba kidole. "Haya mafuta mekundu ni matamu, nisiseme uongo. Ila mimi nilikuja kula mbichi."

Akajifunga shali, akatoka uani, akainama juu ya mabeseni.

"Mkwe, mashina yapo. Yatachipua."

"Lini, mama?"

"Kwa baridi hii? Hayana haraka."

Papo hapo akapiga simu Lushoto. "Ng'ombe mkamueni wenyewe. Mimi nasubiri mboga."

Tangu hapo tukawa tunabadilisha maji pamoja, yeye akinisuta kwamba namwaga kama nazima moto. Kitinda mimba wetu alimganda mgongoni, akawa hashuki hata kwa pipi. Jirani akaja kujifunza kula mbichi. Akatafuna jani moja, machozi yakamtoka, akasema sasa anaelewa kwa nini Mungu aliumba sufuria.

Jioni moja nikatoka kuyafunika mabeseni. Nailoni haipo. Mke wangu amesimama pale ameikumbatia, meno yakimgongana.

"Unafanya nini? Mboga itadumaa!"

"Punguza sauti. Mama ameikagua leo. Anasema Jumapili itafaa kuliwa, Jumatatu apande basi."

Ndani, mama alikuwa anawafundisha watoto wimbo wa kwao, nao wanaukosea makusudi ili aurudie. Nikashika ncha ya pili ya nailoni, tukaikunja vizuri. Halafu tukayasogeza mabeseni, moja baada ya jingine, mbali na ukuta wa jiko.